Lukasa: Ramani ya Waluba Isiyosomeka Bila Mwenyewe

Ukiiona kwenye picha unaweza kudhani ni ubao wa kukatia mboga uliopambwa na mtu mwenye muda mwingi. Kipande cha mbao cha kushika kwa mkono mmoja, kipana juu na chini, katikati kimebanwa kama kiuno. Juu yake shanga kibao, kubwa na ndogo, pengine na kauri na vipande vya chuma. Herufi hakuna hata moja. Kumbe humo kuna njia za safari, mito, maziwa, orodha ya wafalme na sehemu wanakokaa mizimu. Nchi nzima, bana!

Hiyo ndiyo lukasa ya Waluba, watu wa kusini mashariki mwa Kongo, kule Mto Lualaba unakopita kwenye maziwa ya Upemba. Ufalme wao ulitamba sana karne ya 18 na ya 19, na ubao huu ulikuwa mali ya chama kimoja cha siri: Mbudye.

Mbudye haukuwa mchezo. Unaingia kwa ngazi, unafundishwa, unakula kiapo. Ndani ya nyumba ya chama kuta zilichorwa ramani, na mwanafunzi alionyeshwa maziwa, mito na makao ya mizimu mpaka vimkae kichwani. Lukasa ilikuwa ya waliofika juu kabisa. Hao waliitwa bana balute, watu wa kumbukumbu. Hata umbo la ubao lina maana: linamkumbusha mtu kobe, na mgongoni huchorwa mistari kama ya gamba lake. Kwa Waluba, kobe anahusishwa na mzimu wa kike anayekilinda chama hicho.

Sasa inasomwaje? Msomaji anaishika kwa mkono wa kushoto, halafu anapitisha kidole cha shahada cha mkono wa kulia juu ya shanga huku akisimulia au kuimba. Shanga moja kubwa iliyozungukwa na ndogondogo yaweza kuwa chifu na watu wake. Mstari wa shanga waweza kuwa safari. Kidole kikisogea, stori nayo inasogea: Nkongolo, mfalme katili, Mbidi Kiluwe, mwindaji aliyetoka mashariki, na Kalala Ilunga, mwanaye aliyezaliwa na dada yake Nkongolo. Mjomba mtu anamwalika kijana acheze ngoma, kumbe chini ya mkeka kuna shimo lenye mikuki. Mpiga ngoma anamtonya kwa mdundo tu, kijana anastuka, anatoroka. Baadaye anarudi na jeshi, na mjomba kwisha habari yake.

Hapo ndipo utamu ulipo, na hatari pia. Shanga hizo hazina jina lililobandikwa. Ileile ambayo leo ni mfalme, kesho mbele ya watu wengine yaweza kuwa ziwa, au kijiji. Wasomaji wawili wakishika ubao mmoja wanaweza kutoa historia mbili, kwa kuwa kila mmoja anaangalia nani amekaa mbele yake na kuna ugomvi gani mezani.

Na ugomvi ulikuwepo. Nani babu yake alitangulia kufika? Nani ana haki ya kukalia kiti? Watu wa Mbudye ndio waliojibu, na mfalme mwenyewe ilibidi aingizwe chamani kabla ya kutawala. Yaani jamaa anaongoza majeshi, lakini uhalali wake uko kwenye ncha ya kidole cha mzee mmoja. Akivunja masharti ya ufalme, walewale waliomsifia wanaweza kumgeuka. Wengine watasema huko ni kuchakachua historia. Labda. Ila ramani ya karatasi iliyochorwa Ulaya, ikagawa Kongo kwa rula, nayo ilikuwa na mabosi wake. Tofauti ni kwamba lukasa haikujifanya haina upande.

Baadaye mbao nyingi ziliondoka Kongo zikaishia kwa wakusanyaji na kwenye makumbusho ya Ulaya na Marekani. Watafiti wachache waliwahi kukaa na wasomaji na kuandika walichoelezwa, na mwaka 1996 jumba moja la New York liliandaa maonyesho makubwa ya sanaa ya Waluba, mada yake ikiwa kumbukumbu. Watu walikwenda kutazama kitu ambacho zamani hata Mluba wa kawaida asingeruhusiwa kufundishwa maana yake.

Mojawapo ya zilizo maarufu iko Makumbusho ya Brooklyn, jiji hilohilo. Ina urefu wa kama sentimita 25. Aliyeichonga hajulikani jina. Shanga zake bado zipo, zinang'aa chini ya taa, na bango la makumbusho linaweza kukutajia mbao na vitu vilivyotumika. Safari ipi ilianzia kwenye shanga ipi, hilo lilikuwa kwenye kichwa cha aliyeishika, na yeye hakusafirishwa na ubao.