Jina la Mkwe

Makazi ya wakimbizi ya Nakivale, yaliyo kando ya ziwa la jina hilo kusini-mashariki ya Mbarara, Uganda, yalitambuliwa rasmi mwaka 1960, baada ya machafuko ya 1959 kuwatoa Watutsi wengi Rwanda. Na wale waliovuka mpaka kuingia Ankole, baadhi yao wakiswaga ng'ombe wao, walikuja pia na dasturi ya gutsinda, ambayo kwayo mwanamke aliyeolewa hawataji wakwe zake kwa majina, wala si majina tu, bali hata neno la kila siku likikaribiana na jina hilo kwa sauti hulikwepa, akatumia jingine. Iwapo jina la baba mkwe lafanana na neno la maziwa, mkaza mwana atayapokea maziwa hayo, atayasukasuka mpaka yatoe siagi, atawanywesha wanawe, na miaka yote asiyatamke kama wayatamkavyo majirani. Nao watoto hukua wakijua, pasina mtu kuwaeleza, kwamba katika tofauti hiyo mna taadhima ya babu.

Sinema ilikuja Afrika na dhana nyingine kabisa kuhusu kisichosemwa. Idara ya Filamu za Makoloni, iliyoundwa London mwaka 1939, na ambayo William Sellers alikuwa kiongozi wake, ilitaka picha ziende polepole pasipo hila yoyote ya kamera, kwa kuitakidi kwamba Mwafrika hafahamu zaidi ya hayo, na kando ya pazia akasimamishwa msemaji wa kueleza kila kitu. Naihesabu dhulma kubwa, maana watu waliozoea kusoma utii, uchungu na mapenzi katika neno lisilosemwa walidhaniwa hawawezi kusoma picha. Baadaye, katika vibanda vya video, VJ, yaani mfasiri anayeisimulia filamu huku ikionyeshwa, alishika nafasi hiyo, naye alipendwa, akizijaza filamu za kigeni maneno ya Kiganda hata pale wahusika waliponyamaza.

Tangu mwongozaji wa filamu Mira Nair aanzishe warsha ya filamu ya Maisha mjini Kampala, mwaka 2004, vijana wetu wamepata pa kujifunzia filamu fupi. Atakayeielekeza kamera kwenye nyumba ya Juru au Rubondo, huko Nakivale, namsihi asiwape wahusika maneno ambayo wenyewe wasingeyasema: mwanamke aweke kikombe mbele ya mzee, mtoto amwulize mama jina la babu, naye amtume kwa jirani akaulize huko. Mtazamaji wa Nakivale atafahamu papo hapo. Mgeni atangoja kidogo, kisha naye atafahamu.