Kirangozi wa Ziwa Baringo

Msomaji mpenzi, fikiri ya kuwa umesimama alfajiri katika Kampi ya Samaki, ufuoni mwa Ziwa Baringo upande wa magharibi. Jua halijachomoza bado juu ya milima ya Laikipia iliyo ng'ambo. Maji yametulia, nayo yana rangi ya hudhurungi kwa ajili ya udongo uletwao na mito. Mbele yako vimewekwa vyombo viwili vidogo. Kimoja ni kayaki, chombo cha mtu mmoja au wawili kinachosukumwa kwa kasia lenye bapa huku na huku, ambacho watalii wa siku hizi hukipenda sana. Cha pili ni mtumbwi uliofungwa kwa vijiti vya mti wa ambachi, ambao wavuvi wa Kiilchamus wameutumia tangu zamani. Kijana atakayekuongoza akuambia maneno machache tu: "Vaa koti la kuelea. Keti katikati, wala usisimame. Nikinyamaza, nawe nyamaza."

Kabla hujatia mguu majini, nataka tuzungumze juu ya kijana huyo. Pengine utamwona kuwa mpiga kasia tu, anayelipwa ujira wake, akaenda zake. Lakini kazi yake ni kongwe kuliko mji ulio nyuma yako. Katika siku za misafara ya pwani, mtu aliyetangulia mbele ya wapagazi na kuwaonyesha njia aliitwa kirangozi. Msafara ulimfuata aendako, ukapumzika alipopumzika. Akikosea njia, watu walikufa kwa kiu. Historia ya Ziwa Baringo ni historia ya viongozi wa namna hiyo, nasi tulioisoma vitabuni tumewajua wale walioongozwa tu, tukawasahau waliowaongoza.

Haya, tuingie chomboni, tuone kwanza kiongozi ajua nini.

Hatujafika mbali, naye aacha kupiga kasia. Aonyesha mstari wa viputo juu ya maji. Hapo chini yumo kiboko. Mnyama huyo hutoka usiku kula majani nchi kavu, na kunapokucha hurudi ziwani. Chombo kikikaa baina yake na maji ya kina kirefu, hudhani amezibiwa njia yake, naye hushambulia. Basi kiongozi agonga ubavu wa chombo taratibu ili kiboko ajue tulipo, kisha atuzungusha kwa mbali. Kwenye mwamba ametulia mamba, mdomo wazi. Juu ya mti mkavu furukombe atoa mlio wake, na katika maji ya kina kifupi amesimama korongo mkubwa mwenye kimo cha mtoto wa shule, akivizia samaki. Aina za ndege zilizoonekana ziwani humo na kandokando yake zapita 400, na kwa sababu hiyo mwaka 2002 Baringo liliandikwa katika orodha ya ardhi oevu zenye thamani kwa dunia nzima, kwa mujibu wa Mkataba wa Ramsar.

Twaendelea hata kisiwa cha Ol Kokwe, kilicho kikubwa kuliko visiwa vyote vya ziwa hili. Hapa miamba ni ya volkano, na kutoka nyufani hutoka mvuke na maji ya moto. Usidhani ni ajabu ya kisiwa hiki peke yake. Baringo limo ndani ya Bonde la Ufa, mahali ambapo gamba la dunia lapasuka na kuachana polepole mno. Maji ya mvua huingia ardhini kwa nyufa, hukutana na miamba yenye joto kuu, kisha hupanda tena yakiwa yamechemka. Ndiyo maana ukienda kusini kidogo, kwenye Ziwa Bogoria, utaona chemchemi zirukazo juu. Na ukienda kaskazini utakuta milima ya volkano ya Korosi, Paka na Silali, ambako wahandisi wa nchi yetu wamechimba visima kutafuta mvuke wa kuzalisha umeme.

Moto huo wa chini watufumbulia fumbo moja. Ziwa Baringo halina mto wowote utokao ndani yake. Mito ya Molo na Perkerra huingia, wala hakuna mto unaotoka. Ziwa la namna hiyo, likipigwa na jua kali miaka na miaka, lapaswa kuwa na maji ya magadi, kama yalivyo ya Bogoria. Lakini maji ya Baringo ni matamu, ng'ombe hunywa na samaki huishi. Sababu ni nini? Wataalamu wamepima na kuona kwamba maji ya ziwa hupenya chini ya miamba upande wa kaskazini, hupashwa moto njiani, na sehemu yake huibuka tena Kapedo, ambako huanguka kwa maporomoko ya maji ya moto na kuingia katika mto Suguta. Basi ziwa lina mlango, ila mlango wenyewe hauonekani.

Sasa utazame mtumbwi wa ambachi unaopita kando yetu. Mti huu huota penye maji, nao ni mwepesi hata mtoto aweza kuinua gogo lake. Vijiti vyake hukaushwa, hufungwa pamoja, vikapewa umbo la mashua ndogo. Mvuvi hukaa chini, miguu ameinyosha, naye hupiga maji kwa vibao viwili vidogo, kimoja katika kila mkono. Maji hupenya baina ya vijiti na kumlowesha, lakini chombo hakizami, kwa kuwa si tundu lake linaloelea bali ni mti wenyewe. Kikilewa maji, hupandishwa ufuoni kikaanikwa juani.

Kayaki nayo ina ukoo wake. Iliundwa na Wainuiti wa nchi za barafu za kaskazini, watu wasio na miti mikubwa, waliowamba ngozi za sili juu ya mbavu za mbao au mifupa ili wawinde baharini. Yaangalie mataifa hayo mawili, moja kwenye barafu na moja kwenye jua la Baringo. Hayakuonana wala kusikiana, na kila moja, kwa kutumia lililokuwa karibu, lilitengeneza chombo cha mtu mmoja aketiye karibu na maji, asiye na kelele. Elimu haikai mahali pamoja duniani.

Na tuirudie historia. Katika karne ya 19 misafara ya Waswahili na Waarabu ilitoka Mombasa na Pangani kutafuta pembe za ndovu, nayo ilifika Baringo. Ilipafanya mahali hapa kituo kwa sababu nzuri: palikuwa na chakula. Wailchamus, ambao wageni waliwaita Wanjemps, walisema lugha ya Kimaa kama Wamasai, lakini walilima. Walizuia mito kwa mabwawa ya matawi, wakachimba mifereji, wakamwagilia mashamba ya nafaka katika nchi ambayo mvua yake haitoshi. Nafaka hiyo iliwalisha wapagazi kabla ya kwenda kaskazini kwenye nchi kame. Mwanzoni mwa karne ya 20 mafuriko na kuhama kwa mikondo ya mito viliharibu kazi hiyo, lakini kwa muda mrefu mashamba hayo ndiyo yaliyokuwa ghala ya safari zote.

Huko Ulaya, wakati huo, wachora ramani walilijua ziwa hili kwa kusikia tu. John Hanning Speke, aliyefika Uganda mwaka 1862, aliambiwa habari za Baringo, na katika ramani yake likaonekana kana kwamba limeungana na Ziwa Viktoria. Mwaka 1870 Chama cha Kifalme cha Jiografia cha London kilichapisha maelezo ya njia za misafara, yaliyotumwa na mmisionari Thomas Wakefield wa Ribe, karibu na Mombasa. Wakefield hakuzipita njia zile kwa miguu yake. Aliyemweleza ni mtu aliyeitwa Sadi bin Ahedi, kiongozi wa misafara, ambaye alizihifadhi kichwani kituo kwa kituo. Mmoja alisimulia na mwingine akaandika.

Mwaka 1883 chama hichohicho kilimtuma Joseph Thomson, kijana Mskoti wa miaka 25, atafute njia ya kupita nchi ya Wamasai hadi Ziwa Viktoria. Mara ya kwanza alishindwa, akarudi nyuma. Alipojaribu tena alifuatana na msafara wa Jumbe Kimameta, mfanyabiashara wa pembe kutoka Pangani, aliyezijua njia zile na desturi za wenyeji wake. Thomson alifika Baringo, akala nafaka ya Wailchamus, akaenda hadi Ziwa Viktoria, akarudi. Ndipo ulimwengu wa vitabu ulipohakikishiwa kwamba Baringo ni ziwa la peke yake. Wavuvi wa ambachi hawakuhitaji kuhakikishiwa. Walikwisha kulizunguka tangu enzi za babu zao.

Baada yake alikuja Sámuel Teleki, tajiri wa Hungaria, pamoja na Ludwig von Höhnel. Nao pia walikuwa na Jumbe Kimameta. Walipumzika Baringo, kisha wakaelekea kaskazini, na mwezi wa Machi mwaka 1888 wakaliona ziwa kubwa ambalo Teleki aliliita Rudolf, kwa jina la mwana wa mfalme wa Austria. Jina hilo lilidumu hata mwaka 1975, ziwa lilipoitwa Turkana. Bogoria nalo kwa miaka mingi liliitwa Hannington, kwa jina la askofu aliyepita hapo mwaka 1885. Nakuomba uyapime mambo haya kwa haki. Thomson na Teleki walikuwa watu hodari. Walistahimili njaa na maradhi, wakaandika walichokiona, na bila maandishi yao tungejua kidogo mno juu ya Jumbe Kimameta mwenyewe. Lakini je, umepata kuona ziwa au mlima ulioitwa Kimameta?

Labda utasema, "Mwalimu, hayo ya kale yamekwisha, sasa tuna ramani na vyombo vya kupimia." Ngoja nikueleze yaliyotokea juzijuzi. Mwanzoni mwa miaka ya 2000 ziwa lilipungua hata watu wakaogopa kwamba litajaa matope na kukauka. Kisha tangu mwaka 2011 hivi likaanza kupanda. Katika mwaka 2010 eneo lake lilikuwa kama kilomita za mraba 130. Kufikia mwaka 2020 lilikaribia 200. Wataalamu wengi wataja mvua nyingi kuwa sababu kuu, pamoja na udongo unaomomonyoka milimani na mitikisiko ya Bonde la Ufa. Shule, zahanati, mahoteli na nyumba za watu zikafunikwa. Viboko na mamba wakasogea pamoja na maji hata mahali palipokuwa malisho ya mbuzi na njia za watoto.

Hapo kila ramani iliyochapishwa ikawa ya uongo. Palipoandikwa barabara palikuwa na maji. Palipoandikwa ufuo palikuwa na vichwa vya miti iliyozama, iwezayo kutoboa chombo. Kiongozi wa ziwa hakuwa na kitabu cha kumfundisha. Ilimpasa ajifunze ziwa upya, siku kwa siku, akikumbuka ua lilikuwa wapi na paa la nani limelala chini ya chombo chake. Wengine walipita hivyo juu ya nyumba walizozaliwa.

Katika siku hizo rasi ya Longicharo, upande wa mashariki, ilizingirwa na maji ikawa kisiwa. Humo mlikuwa na twiga wa aina adimu ambao wengine huwaita twiga wa Baringo, waliorudishwa mwaka 2011 na jamii za Wailchamus na Wapokot katika hifadhi yao ya Ruko. Majani yakawa haba. Ndipo kikaundwa chelezo cha chuma juu ya mapipa matupu, na mwezi wa Desemba 2020 twiga wa kwanza, aitwaye Asiwa, akavushwa, mashua zikikiburura chelezo polepole. Kufikia Aprili 2021 wote 9 walikuwa nchi kavu. Shirika la Wanyamapori la Kenya lilikuwapo, na wafadhili wa mbali walikuwapo. Lakini kazi isingaliwezekana bila watu waliolijua ziwa. Na jambo hili lilikumbukwe: jamii mbili zilizopata kugombana kwa ajili ya mifugo na malisho zilisimama ufuo mmoja kumwokoa mnyama mmoja.

Msomaji, jua limepanda, na chombo chetu chaelekea Kampi ya Samaki. Kijana aliyetuongoza amefundishwa na baba yake, na baba yake na babu yake. Sehemu kubwa ya elimu yake haijaandikwa popote. Akiacha kazi hiyo akaenda mjini, au mzee wake akifa, ukurasa mzima utakuwa umechomwa, wala hatutajua uliandikwa nini. Sadi bin Ahedi twamkumbuka kwa sababu mtu mmoja aliketi naye, akamuuliza, akaandika jina lake. Wangapi hawakuulizwa?

Kwa hiyo likizo ijayo, uwe watoka Baringo au Lamu, Kisumu au Marsabit, mtafute mzee ajuaye maji, njia au malisho ya kwenu. Msalimu kwa heshima, umsikilize, uandike asemayo katika daftari lako la shule. Na kabla ya kuandika neno lolote lingine, juu kabisa ya ukurasa, andika jina lake.