Pointi za Forfe

Leo sitaandika juu ya futiboli, ingawa tutaishia huko. Nataka kuongea juu ya kriketi, mchezo ambao wengi wetu hapa Kivu ya Kaskazini hatukuwahi kuugusa.

Nilikuwa na miaka kama kumi na miwili nilipouona mara ya kwanza. Upande wetu wa Masisi kulikuwa na kambi ya askari Wahindi wa MONUC, juu ya kilima. Siku ya yenga mchana walitoka nje ya seng'enge, wakasimika vijiti vitatu huku na vitatu kule. Mmoja alitoka mbio mbali sana na kurusha kapira kadogo kagumu, mwingine akakapiga kwa ubao mpana. Wengine walisimama tu kwenye majani, mikono magotini, kama watu wanaongoja ng'ombe atoroke. Sisi watoto tulikaa pembeni na kaka yangu akauliza kwa sauti: "Bale banacheza ao bako kwa salongo?"

Mutafsiri wao, kijana wa Goma, alicheka akawaambia. Askari mmoja akatukaribia, akauliza kama tunasema Kiswahili. Tukakubali. Akafurahi kabisa: "Kenya! Tikolo!" Hatukujua Tikolo ni nani. Tulidhani ni aina ya biskuti, tukanyoosha mikono.

Miaka mingi baadaye, nikiwa mwanafunzi Goma na nimepata intaneti, nikatafuta lile jina. Steve Tikolo alikuwa kapiteni wa Kenya katika Kombe la Dunia la kriketi la 2003. Kenya ilifika nusu fainali na ikakutana na India, njo maana yule askari hakusahau. Ila nilipoendelea kusoma nilikuta neno ambalo mtoto yeyote aliyecheza mashindano ya vijana Masisi ao Walikale analijua vizuri: forfe.

Kombe lile liliandaliwa na nchi tatu, Afrika Kusini, Zimbabwe na Kenya. Kenya ilipewa mechi mbili tu za kuchezea nyumbani, Nairobi, kwenye uwanja wa Gymkhana. Ya kwanza ilikuwa tarehe 21 Februari dhidi ya New Zealand, ya pili tarehe 24 dhidi ya Sri Lanka. New Zealand wakakataa kuja. Novemba 2002 hoteli moja ya Kikambala, karibu na Mombasa, ilikuwa imelipuliwa, na ndege ya Waisraeli ikarushiwa makombora. Waliomba mechi ihamishwe Afrika Kusini. Wakuu wa kriketi duniani, ICC, wakakataa kuihamisha. Siku ikafika, New Zealand hawakutokea. Kenya wakaandikiwa pointi 4 bila kurusha mpira hata mmoja.

Sasa tupige hesabu, maana hapa ndipo watu hubishana. Katika kundi lao Kenya waliwafunga Canada, Sri Lanka na Bangladesh. Kila ushindi ni pointi 4, jumla 12. Ongeza 4 za forfe, zinakuwa 16, na kwa hizo 16 wakapita kwenda hatua ya ekipe sita. West Indies na Afrika Kusini walibaki na 14 kila mmoja, wakaenda nyumbani. Kwa hiyo tuseme ukweli, bila pointi za Nairobi, Kenya wangekuwa na 12 na safari ingeishia pale. (Afrika Kusini nao walijimaliza wenyewe. Mvua ilinyesha katika mechi yao na Sri Lanka, wakasoma vibaya karatasi ya hesabu ya mvua, wakadhani wameshinda kumbe wametoka sare. Wenyeji wa kombe!)

Tangu hapo Kenya wakabandikwa jina: wenye bahati. Walipoingia nusu fainali tarehe 20 Machi kule Durban, wakapigwa na India kwa tofauti ya mikimbio 91, wengi wakasema, si mnaona, hawakustahili kufika.

Mimi sikubaliani, na sababu yangu kubwa ni hao Sri Lanka.

Rudi nyuma miaka saba. Kombe la 1996 liliandaliwa na India, Pakistani na Sri Lanka. Tarehe 31 Januari 1996 bomu kubwa lililipuka kwenye Benki Kuu ya Colombo. Australia na West Indies wakakataa kwenda kucheza Colombo. Sri Lanka wakapewa pointi za mechi zote mbili bila kucheza. Unajua mwisho wake? Tarehe 17 Machi, kule Lahore, wakakutana na walewale Australia kwenye fainali, wakawapiga, wakabeba kombe. Sijawahi kusikia mtu akisema kombe la Sri Lanka ni la forfe.

Halafu 2003 hao hao Sri Lanka, waliowahi kuogopwa kama wagonjwa wa ukoma, wanapangiwa Nairobi siku tatu tu baada ya New Zealand kukataa. Wakaja. Mji ule ule, uwanja ule ule. Kenya walipata mikimbio 210. Kijana mmoja, Collins Obuya, akaanza kurusha ile mipira yake inayozunguka, akawatoa wapigaji watano kwa mikimbio 24 tu. Sri Lanka wakaishia 157. Kufungwa na Kenya kuliwauma, bila shaka, lakini walifungwa uwanjani, na watu wa Nairobi walipata kuona kombe la dunia kwa macho yao. Nikilinganisha wageni wawili wa wiki ile, najua nani alitendea mchezo haki.

Lakini nisiwaonee New Zealand. Mei 2002 ekipe yao ilikuwa Karachi, bomu likalipuka nje kabisa ya hoteli yao, watu wakafa, safari ikavunjwa siku ileile. Mtu aliyesikia mlipuko kama huo miezi tisa iliyopita, wewe wa Masisi utamwambia nini? Sisi tunajua mwili unavyokumbuka. Pigo la mlango tu, mtoto anaingia chini ya kitanda. Tena New Zealand ni watu walioonja udhalimu wa uwanjani. Mwaka 1981, Melbourne, walibakiza mpira mmoja wa mwisho dhidi ya Australia, na walihitaji mikimbio 6 ili watoke sare. Mikimbio 6 kwa mpigo mmoja maana yake uupige upite juu kabisa ya mpaka. Kapiteni wa Australia, Greg Chappell, alimwambia mdogo wake Trevor auviringishe mpira chini kwenye nyasi, kama watoto wanavyocheza kambole. Nani ataupiga mpira unaotambaa ufike angani? Mpigaji aliuzuia, kisha akautupa ubao wake kwa hasira. Sheria za wakati ule hazikukataza. Zilibadilishwa baadaye kwa sababu ya aibu hiyo.

Kwa hiyo siwalaumu kwa kuogopa. Lakini walichagua, na bei ya kuchagua walikuwa wanaijua kabla. Walitaka kukosa hatari na kubaki na pointi pia, njo maana waliomba mechi ihamishwe. Uingereza walifanya yaleyale kwa Zimbabwe katika kombe hilohilo, walikataa kwenda Harare, wakapoteza pointi 4, wakaaga mashindano mapema. Wao walisema ni usalama, huku kila mtu akijua serikali yao haikutaka waonekane kwa Mugabe. Wachezaji wawili wa Zimbabwe kwenyewe, Henry Olonga na Andy Flower, walifanya kitu kigumu zaidi: waliingia uwanjani Harare tarehe 10 Februari na vitambaa vyeusi mkononi, kuomboleza kifo cha demokrasia nchini mwao. Walicheza, na walisema. Wote wawili walilazimika kuihama nchi yao.

Na Kenya walikosa nini? Walikuja. Walingoja. Mwenzao hakufika kwa hiari yake. Ukipewa chakula cha mgeni aliyekataa kuja, hujaiba. Tena baada ya hapo waliwapiga Zimbabwe kule Bloemfontein, na dhidi ya Australia mzee Asif Karim alirusha ova nane na mipira miwili akatoa mikimbio 7 tu, akiwaondoa watu watatu. Hiyo si bahati. Hadi leo Kenya ndiyo nchi pekee isiyo na hadhi ya Test, yaani zile mechi za siku tano za daraja la juu, iliyowahi kufika nusu fainali ya kombe hilo.

Hadhi hiyo hawakuipata kamwe. Bangladesh, ambao Kenya waliwafunga katika kombe hilohilo, walikuwa nayo tangu 2000. Unaweza kusema ni ubaguzi wa wakubwa, na mimi nasema upo. Lakini nyumba yenyewe ilikuwa inawaka. Viongozi waligombania makuta, wachezaji wakagoma kwa sababu ya malipo. Maurice Odumbe, shujaa aliyeongoza Kenya kuwapiga West Indies mwaka 1996, alifungiwa miaka mitano mwaka 2004 kwa ajili ya uhusiano na wacheza kamari. Mwaka 2011 Kenya walikutana tena na New Zealand kwenye kombe, kule Chennai. Safari hii New Zealand walikuja. Kenya wote walitoka kwa mikimbio 69.

Bon. Sasa nifike kwetu, kwa sababu sikuandika haya yote ili niwatetee Wakenya tu.

Mwaka 2012 nilikuwa katika ekipe ya vijana ya futiboli, upande wa Masisi. Tulikuwa kwenye mashindano madogo, ekipe nne, na moja ilitoka Walikale. Mechi ya mwisho ilikuwa sisi na wao, kwenye tereni yetu. Tulihitaji ushindi ili tuingie fainali, na wale walikuwa wazuri kuliko sisi, kila mtu alijua. Wiki ile vita vilikata barabara mbele ya Nyabiondo. Motari hakuna aliyekubali kwenda Kashebere hata kwa bei mara tatu. Tulijua. Waandaaji walijua pia.

Saa ikafika, tukasimama tereni na jezi zetu. Mwamuzi alitazama saa yake, akangoja, akapiga filimbi, akaandika 3–0. Mimi niliimba. Nasema wazi, niliimba na kurukaruka pamoja na wengine. Ni mmoja wetu tu aliyesema tuombe mechi iahirishwe, na kocha akamjibu: "Pointi njo pointi. Kesho hakuna mutu ataulizia zilifika namna gani."

Kitabu cha sheria kina neno moja tu, forfe, kwa aliyekataa kuja na kwa aliyezuiwa njiani. Pointi za Kenya nitazitetea mbele ya mtu yeyote. Zetu siwezi. New Zealand walikuwa na ndege, walikuwa na hoteli, na ICC walikuwa tayari kuwapokea. Wale vijana wa Walikale walikuwa na miguu yao tu. Kuwangoja wiki mbili kusingetugharimu kitu, zaidi ya ile fainali.

Katika kombe hilohilo la 2003 kuna jambo moja ambalo huwa nalirudia kulitazama kwenye simu. Nusu fainali nyingine, Australia na Sri Lanka, tarehe 18 Machi. Mpigaji wa Australia, Adam Gilchrist, aligusa mpira ukadakwa. Mwamuzi hakuona, akatikisa kichwa: hajatoka. Gilchrist akageuka akatoka mwenyewe. Hakuna aliyemlazimisha, na wenzake wengine hawakufurahi. Ninapomwangalia anavyotembea kuelekea nje huwa nawaza tereni yetu na mwamuzi aliyekuwa anatazama saa.

Chuoni Goma nilikaa meza moja na ndugu mmoja wa Walikale miezi mingi kabla hatujagundua. Alikuwa kipa wao. Aliniambia walitoka alhamisi kwa miguu kwa sababu pikipiki zilikosa, wakalala kanisani, na asubuhi wakarudishwa kwenye barrière na watu wenye bunduki ambao walichukua pia mipira yao miwili. Walifika nyumbani siku ya yenga, ndipo wakaambiwa wamefungwa.

"Mabao tatu," akasema, "na mie niko porini. Sasa niambie, nani alinifunga?"

Nikamwambia hakuna jina lililoandikwa. Akataka kujua kama fainali angalau tulishinda. Tulipigwa mbili bila, nikamwambia, na bao la kwanza nililisababisha mimi. Akacheka mpaka mwalimu akatutoa nje wote wawili.