Zepelini L59, Jiko la Gatina na Nadharia ya Tafsiri

Anayetafuta jina la Douglas Robinson katika orodha za maktaba hukutana na mchanganyiko wa ajabu. Kuna The Translator's Turn (1991) na Translation and Empire (1997), vitabu ambavyo mwanafunzi wa nadharia ya tafsiri hawezi kuvikwepa. Kuna pia The Zeppelin in Combat (1962) na Giants in the Sky (1973), historia za meli za angani zilizoelea kwa gesi. Hao ni watu wawili, wote Wamarekani. Mmoja ni mtaalamu wa tafsiri. Mwingine, Douglas H. Robinson, alikuwa daktari wa magonjwa ya akili aliyeipenda historia ya anga hadi akawa bingwa wake. Kinachowatenganisha ni herufi moja ya katikati, na herufi kama hiyo hupotea kwa urahisi.

Kuwarekebisha wakutubi si kazi ya makala haya. Dai langu ni kwamba kwa msomaji wa Afrika Mashariki kuwaweka wawili hawa kwenye rafu moja kuna faida, kwa kuwa taaluma yetu ya tafsiri imejifungia katika tamthilia, riwaya na maandiko matakatifu, na imeiacha historia ya mitambo bila mlezi.

Tuanze na safari ambayo kila mwanahistoria wa zepelini huisimulia. Tarehe 21 Novemba 1917, wakati wa Vita vya Kwanza vya Dunia, zepelini ya Kijerumani L59 ilipaa kutoka Yambol, Bulgaria, chini ya nahodha Ludwig Bockholt. Ilikuwa na urefu wa zaidi ya mita 226, watu 22, na shehena ya takriban tani 15 kwa ajili ya jeshi la Kijerumani la Lettow-Vorbeck lililokuwa limebanwa kusini mwa Tanzania ya leo, wakati huo koloni la Ujerumani. Ndani mlikuwa na risasi 311,900, dawa, bendeji, barua, na bunduki za rashasha 30, zile ambazo askari waliziita bombomu. Wazo lilikuwa la Max Zupitza, daktari aliyewahi kuhudumu katika koloni hilo, naye alikuwamo chomboni.

Lililo muhimu kwetu ni mpango wa kushuka. Huku hakukuwa na haidrojeni ya kuijazia upya, kwa hiyo ilipangwa isirudi. Kitambaa cha nje kingekuwa mahema. Mifuko ya gesi ingeshonwa upya iwe ya kulalia. Fremu ya aloi nyepesi ingesimamishwa kuwa mlingoti wa redio, injini zizalishe umeme wa redio hiyo, na hata ngozi iliyotandikwa kwenye njia ya ndani ikatwe viatu. Waliouchora mpango huo walijua kwamba chombo kinachofika ugenini kitathaminiwa kwa kile kitakachofanyiwa na wenyeji wake, na kwamba umbo lake la awali halitakuwa na kazi tena.

Haikufika. Usiku wa kuamkia tarehe 23 Novemba, ikiwa magharibi ya Khartoum, ilipokea amri ya redio kwamba irudi. Baadaye zilienea hadithi kuwa ujumbe ule ulikuwa hila ya majasusi wa Kiingereza, lakini amri ilitoka kwa Wajerumani wenyewe. L59 ilitua Yambol tarehe 25 Novemba baada ya saa 95 na kilomita 6,757 angani. Siku iyo hiyo Lettow-Vorbeck alivuka Ruvuma na kuingia Msumbiji.

Nadharia ya tafsiri inayofundishwa kwetu ingeuitaje mpango ule? H.J.M. Mwansoko, katika Kitangulizi cha Tafsiri (1996), aliielewa tafsiri kama kuhawilisha mawazo yaliyo katika maandishi. Uelewa huo umetufaa, hasa tulipokuwa tukijadili Juliasi Kaizari na Mabepari wa Venisi za Nyerere. Umetuzoesha pia kupima tafsiri kwa kuangalia nyuma, kwenye matini chanzi: kipi kimepotea, kipi kimeongezwa. Hans Vermeer aligeuza kipimo hicho tangu miaka ya 1970 kwa kusema kwamba lengo la matini katika mazingira mapya ndilo linaloongoza maamuzi ya mfasiri. Wanafunzi wetu humtaja Vermeer kwenye sura ya pili ya tasnifu, kisha katika sura ya nne wanarudi kuhesabu makosa ya kisarufi.

Mfano wa Vermeer akiwa kazini uko Gatina, Nairobi. Ukishuka Kawangware 46 na kuingia ndani kidogo, utawakuta mafundi wakipasua mapipa ya mafuta kwa patasi na nyundo, wakiyakunja, wakiyakaza kwa ribiti, hadi linatoka jiko lenye kiuno chembamba. Jiko hilo la bati na udongo asili yake ni Thailand. Mwanzoni mwa miaka ya 1980 wataalamu wa nishati waliuleta mfano wa jiko la ndoo la huko, na mafundi wa jua kali wakaubadilisha kwa majaribio mengi. Udongo ukabaki nusu ya juu, hadi kiunoni. Chini pakaachwa pa majivu. Bati likawa la mabaki yanayopatikana hapa. Anayelinganisha jiko hili na la Bangkok ataona makosa matupu, na anayepika ugali juu yake ataona makaa yamepungua matumizi.

Najua pingamizi litakalotolewa: huko ni kuunda upya, na kitabu cha historia hakivumilii kukatwakatwa kama pipa. Pingamizi hili lina uzito. Tarehe, kipimo na ushahidi wa kumbukumbu za kijeshi haviguswi, na mfasiri atakayezidisha risasi hata moja ameharibu kazi. Lakini mpangilio, maelezo ya ziada na swali linaloongoza masimulizi ni mambo ya mfasiri kuamua. Robinson wa tafsiri ametupa sababu ya kufanya hivyo. Translation and Empire inaeleza jinsi tafsiri ilivyotumika kama chombo cha ukoloni, na jinsi inavyoweza kutumika kuung'oa. Katika masimulizi ya kawaida ya L59, Afrika ni jangwa la kupita juu yake. Askari waliosubiri shehena hawana majina, na wapagazi wa pande zote mbili, waliokufa kwa makumi ya maelfu na kuiachia Nairobi jina la mtaa wa Kariokor, hutajwa kwa sentensi moja, ikiwa wametajwa. Tafsiri ya Kiswahili inayoacha hali hiyo ilivyo itakuwa sahihi kisarufi na bure kwa msomaji.

Wala vyombo vya angani vya gesi haviko mbali na Gatina. Dagoretti Corner, kwenye makao ya Idara ya Hali ya Hewa, hurushwa maputo yenye vipima joto, unyevu na kanieneo ya hewa. Mwaka 2020 kampuni ya Loon, kwa ushirikiano na Telkom Kenya, ilitumia maputo yapatayo 35 kusambaza intaneti juu ya eneo la kilomita za mraba zipatazo 50,000, Nairobi ikiwemo; mwaka uliofuata mradi ukafungwa. Mtoto wa Gatina ameishi chini ya vyombo vya gesi, na ili avielewe lazima kwanza afaulu Kiingereza.

Idara za Kiswahili za Nairobi, Kenyatta na Dar es Salaam zikubali basi tasnifu ya uzamili ambayo kiini chake ni tafsiri ya sura kuhusu L59 katika historia ya zepelini, ikiwa na maelezo na utangulizi wa kinadharia, na katika jopo la watahini awepo mtu mmoja anayeijua kazi ya bati.