Werner Erhard: Jina na Dhamana

Mwaka 1935, katika mji wa Philadelphia, Marekani, alizaliwa mtoto akaitwa John Paul Rosenberg. Alipokua alioa, akapata watoto wanne, akawa muuza magari. Mwaka 1960 aliwaacha mkewe na wanawe, akasafiri na mwanamke mwingine, akajitungia jina: Werner, la mwanafizikia Heisenberg, na Erhard, la waziri wa uchumi wa Ujerumani Magharibi.

Mwaka 1971, huko San Francisco, alianzisha mafunzo yaitwayo *est*, neno ambalo kwa Kilatini maana yake ni "yuko". Wanafunzi waliketi katika kumbi za hoteli kwa muda wa saa 60 hivi, wakikemewa na kufundishwa kwamba kila mtu ana dhamana ya maisha yake. Wengi walishukuru, wengine waliona ni udhalilishaji na biashara tu. Mafunzo hayo yalikoma mwaka 1984, yakafuatwa na mengine. Mwaka 1991 aliwauzia watumishi wake mali ya kazi hiyo, akaihama Marekani.

Wahenga walinena, Mwacha asili ni mtumwa. Huyu aliiacha asili akawa mwalimu. Ila wanawe, ambao baadaye aliwarudia, walikuwa wamekwisha kuionja dhamana aliyoikimbia.