Biblia ya Kalamu ya Unyoya

Siku hizi picha ya Mchungaji Mwema tunaipata kwenye simu kwa sekunde chache. Hata hivyo, mwaka 1998 watawa Wabenedikto wa Abasia ya Mtakatifu Yohane, Minnesota, Marekani, walimwagiza Donald Jackson, mwandishi wa hati za Malkia wa Uingereza, awatengenezee Biblia nzima kwa mkono.

Kompyuta hakuiogopa; ilitumika kupanga mistari ya kurasa. Lakini maneno yaliandikwa kwa kalamu za manyoya ya bata bukini juu ya ngozi ya ndama, na picha zikapambwa kwa dhahabu halisi. Ili dhahabu ishike, msanii huipulizia gundi pumzi yake kwa mrija. (Msomaji wa Mwanzo 2:7 hatashangaa.) Neno la kwanza liliandikwa Jumatano ya Majivu, mwaka 2000, la mwisho, 2011. Kurasa ni zaidi ya 1,100.

Mimi hunigusa zaidi makosa yake. Kwenye kompyuta kosa hufutwa, wala hakuna atakayejua lilikuwapo. Hapa mwandishi aliporuka mstari, kazi ya siku nyingi haikutupwa. Katika Injili ya Marko mstari uliosahauliwa uliandikwa chini ya ukurasa, akachorwa ndege akiuvuta kwa kamba kuelekea mahali pake. Katika Hekima ya Sulemani kazi hiyo anaifanya nyuki, mdogo kabisa, akiupandisha mstari mzima kwa kamba na kapi.