Rangi kaunta, rangi posa: Wahindi wa Uganda na Katwe

Katika Katwe ya miaka ya 1950, mtaa wa Kampala wa mafundi vyuma na wachapaji wa magazeti ya Kiganda, rangi ya mtu mara nyingi ilikuonyesha upande wa kaunta atakaosimama. Waingereza walipanga mishahara, shule na hospitali kwa ngazi tatu: Mzungu juu, Mhindi katikati, Mwafrika chini. Wakulima wa pamba walidai haki ya kuichambua wenyewe badala ya kuwaachia Waasia na Wazungu wenye vinu, na mwaka 1949 hasira ikazaa ghasia. Mwaka 1959 Uganda National Movement ya Augustine Kamya ikahimiza watu wayasusie maduka ya Wahindi.

Majumbani nako rangi ilikuwa na bei yake. Bibi harusi mweupe aliposwa haraka. Mtoto wa Mhindi na Mwafrika aliitwa chotara, na mara nyingi hakukaribishwa harusini. Rais Idi Amin alikijua kidonda hicho. Desemba 1971 aliwakusanya viongozi wa Waasia akawalaumu, pamoja na mengine, kwa kukataa binti zao waolewe na Waafrika. Lawama ilikuwa na ukweli ndani yake; adhabu haikuwa na haki yoyote. Agosti 1972 akawapa Waasia siku 90 waondoke.

Mwongozaji filamu Mira Nair, mzaliwa wa Odisha, India, alilishika jambo hili bila kuwapaka mafuta watu wake. Katika filamu yake Mississippi Masala (1991), binti wa Kihindi aliyefukuzwa Kampala utotoni anapendana na Mmarekani mweusi, na akina mama wa Kihindi wanamteta binti huyo: weusi wake ungevumilika kama angekuwa na pesa. Huko India nako weupe uliuzwa: krimu ya kung'arisha ngozi ya Fair & Lovely ilikuwa madukani tangu 1975; mwaka 2020 ilibadilishwa jina tu.

Mwaka 2016 Nair akatoa filamu ya Queen of Katwe, kisa cha Phiona Mutesi, bingwa wa sataranji. Mama yake Phiona anachezwa na Lupita Nyong'o, mwigizaji Mkenya aliyeeleza hadharani mwaka 2014 kwamba akiwa mtoto alimwomba Mungu aamke akiwa na ngozi nyeupe zaidi. Ajabu ni kwamba katika filamu hiyo dharau haimhitaji Mhindi: wanafunzi wa shule ya kitajiri, Waganda wenzao, wanawatazama watoto wa Katwe kwa kinyaa.